Wigi Niliyovaa Katikati ya Maneno ya Mama

Siku hizi nacheka, lakini siku hiyo ningepata shimo la viazi ningejifukia humo na aibu yangu.

Mjukuu wangu Muthoni (amepewa jina langu, na akili pia ni yangu, wacha mama yake aseme) anafanya kazi na Mfaransa mmoja, Odile, mwanamke wa mvi ambaye maisha yake yote ni kutengeneza filamu za siasa, zile za kweli, si za kuigiza. Ameuliza mawaziri maswali mpaka wakatokea mlango wa nyuma, amefukuzwa nchi mbili, na hakuna aliyemshinda. Mpaka alipokuja kwangu Tetu, ati nimweleze vile mkoloni alichukua shamba ya mama yangu.

Siku ya kwanza tulikaa jikoni, kamera imewashwa, ukuta mweusi kwa moshi, mimi na kitambaa changu cha kichwa, kile cha kukamulia ng'ombe. Nikasimulia, nikafika pale mama anasimama mbele ya askari, jua likaisha kabla sijasema alichowaambia. Odile akasema kitu, Muthoni akanitafsiria: "Cucu, kesho ukae tu hivi hivi. Usibadilishe kitu."

Nikajua hiyo ni adabu. Mgeni mwema husema usijisumbue, na wewe unajisumbua. Na mwanamke gani wa heshima anapokea mgeni na nguo ya jana? Alfajiri nikavaa suti ya kanisa, suti ikadai kichwa kizuri, nikaazima wigi ya jirani yangu Nyaguthii, wigi ikafanya ukuta uonekane mchafu, basi nikaupaka rangi ya samawati iliyobaki kwa choo.

Muthoni alipofika alishika kichwa. "Cucu! Umefanya nini?"

"Nimejipanga!"

"Umenimaliza."

Odile alitazama ukuta, akanitazama, akacheka mpaka akakalia ndoo. Ndege yake ilikuwa jioni hiyo, hakuna siku ingine. Tukaendelea.

Mwaka uliofuata Odile na Muthoni wakaleta filamu kwa ukumbi wa kanisa letu, watu wakajaa, mimi mbele kifua juu (na wigi ile ile, niliazima tena). Nikajiona na kitambaa, ndani ya moshi, nasema: "Mama akasimama mlangoni, akawaambia askari..." na kufumba na kufumbua niko na wigi, ukuta samawati, namalizia: "...'Ua huu wa mpaka baba yangu aliupanda kwa mkono. Ng'oeni nikiona.'"

Ukumbi ukapasuka. "Ameenda saluni kwanza, askari wangoje!" mtu akapiga kelele, na Nyaguthii naye, "Hiyo wigi ni yangu!"

Machozi yakanijia, lakini si ya wigi. Ni ya mama. Miaka yote hii neno lake lilingoja kusikika, na mimi nimelifunika na nywele ya kuazima.

Nikasimama, nikavua wigi, nikampa mwenyewe. Nikageuka na mvi zangu nje, nikayasema tena yale maneno, pole pole, vile mama alisema.

Mzee mmoja huko nyuma akainuka na fimbo. "Nilikuwa hapo, nikiwa mtoto. Alisema hivyo."

Hakuna aliyecheka tena. Nilipoangalia kando, Odile alikuwa amewasha kamera kitambo, shavu limelowa.

Nimeapa. Huyo Mfaransa akirudi atanikuta na nguo ya jana, hata ikinuka ng'ombe. Petikoti tu ndiyo nitabadilisha, na hiyo kamera haioni.