Krimu ya Kumwingiza Mkwe

Katika mtaa ule wa Kenya, komini ya mjini na si nchi, ukimtaja Honorine bila kuongeza neno, watu watakuuliza ubatizo ni lini. Ni kwa sababu ya krimu yake. Ana miaka hamsini na minne, ni mjane wa Clément, na tangu usichana wake anatengeneza krimu ya barafu ya vanila, ile nzito ya viini vya mayai, kama alivyofundishwa na baba yake aliyekuwa mpishi katika mesi ya wafanyakazi wa reli. Si ile ya maji na rangi inayouzwa katika vijifuko mbele ya shule. Hiyo ukimtajia tu anakasirika, na ana haki ya kukasirika.

Jumamosi ile ya mwisho wa Oktoba, hata hivyo, krimu haikuwa ya ubatizo. Ilikuwa ya kumwingiza mkwe.

Kwao Honorine, watu wa upande wa Luapula, mwanamume akishaoa haingii kwa mama mkwe wake, hali kwake, wala hamtazami usoni, na chumba kimoja hawakai. Hivyo hivyo mpaka siku familia ya mke itakapompikia, imfunulie vyakula kimoja kimoja na kumwambia aingie. Vijana wengi wa mjini wanaicheka desturi hiyo. Honorine aliishika, na ilimgharimu. Mwaka uliopita binti yake wa pekee, Sephora, alimpoteza mtoto wake wa kwanza hospitalini Likasi. Honorine alipanda basi mbiombio, akafika, akamkuta Élie, mume wa Sephora, ameketi kando ya kitanda na habanduki. Basi mama mtu akakaa siku tatu barazani huku akimsikia mwanawe akilia ndani. Hakuna aliyemzuia. Alijizuia mwenyewe, na hilo ndilo lililokuwa likimla moyo usiku na mchana.

Sasa Sephora alikuwa na mimba ya miezi minane. Safari hii Honorine alitaka awe ndani, kando ya kitanda, si barazani. Begi la kwenda kwa Sephora alilifunga tangu Jumanne na kuliweka nyuma ya mlango wa sebule. Ila mwenye kauli siku hiyo alikuwa Tante Virginie, dada wa marehemu Clément, mwanamke asiyejua kucheka na mambo ya ukoo. Ndiye aliyewatumia watu wa upande wa Élie orodha ya vyakula: bukari, yaani ugali, kuku, sombe ya majani ya mihogo, samaki, na mwisho krimu, kwa kuwa Honorine mwenyewe alijigamba kuwa hataki kumwingiza mkwe wake kwa vyakula vya kila mtu. Na Tante alishatoa neno lake: kilichotajwa kisipoonekana, hakuna kinachofunuliwa. Jumatatu angesafiri, arudi baada ya mwaka mpya. Mtoto asingemngoja.

Wageni waliambiwa saa tisa alasiri. Saa tatu asubuhi umeme ukakatika.

Honorine alisimama mbele ya friza yake, akaisikiliza ilivyonyamaza. Halafu akaenda kwa jirani yake Kiki, muuza samaki wa barafu, ambaye ana jenereta.

"Ukishaipika, leta hiyo krimu yako mu friza yangu," Kiki alimwambia. "Mahali iko."

"Mu samaki? Krimu inavuta harufu, Kiki. Buko yangu, huyu mukwe, atakula samaki ya tomson na sukari?"

"Basi kamata barafu. Ile ya mu sachets za plastiki, iko propre, safi."

Alirudi na gunia zima la barafu kichwani. Baba yake aligandisha krimu kwa barafu na chumvi kabla ya watu wa mtaa ule kujua friza ni nini, na yeye alimwona mara nyingi. Kazi yenyewe ni kuzungusha chombo kwa mkono mpaka krimu ishike. Mkono wake, lakini, haukuwa ule wa zamani. Tangu alipoanguka na pikipiki mwaka juzi, bega la kulia lilikuwa linamsaliti.

Akawasha babula, jiko lake dogo la makaa, akayafunika makaa kwa majivu ili moto uwe mpole. Maziwa aliyokuwa ameagiza toka shamba moja huko Annexe akayapasha na ganda la vanila, moja tu alilokuwa nalo, zawadi ya sista wa parokia. Akapiga viini vinane na sukari mpaka vikapauka, akamimina maziwa ya moto kidogo kidogo, akarudisha sufuria juu ya babula na kuanza kukoroga bila kuinua macho. Hapo ndipo roho ya mpishi inapokaa mkononi. Moto ukizidi kidogo tu, mayai yanakatika, na yakikatika yamekatika.

Krimu ilikuwa inaanza kuwa nzito mwikoni aliposikia kikohozi langoni. Tante Virginie, saa mbili nzima kabla ya wakati wake.

Wifi kama yule, siku kama ile, hasalimiwi na mtu mwenye mwiko mkononi. Unapiga magoti, unapiga makofi, unauliza habari zake, za watoto, za wajukuu, za mguu unaomsumbua, na unangoja kila jibu liishe. Honorine alijua. Alijua pia kilichokuwa juu ya moto. Angeweza kuepua sufuria kwanza, jambo la kufumba na kufumbua, lakini aliogopa Tante asije akasema amepokewa kwa mgongo. Akaacha mwiko, akapiga magoti vumbini.

Mguu wa Tante, kwa bahati mbaya, ulikuwa na habari nyingi.

Aliporudi, sufuria ilikuwa inatokota. Alichuja, akapiga kwa nguvu, akachuja tena. Kilichobaki juu ya kitambaa kilikuwa mabonge ya mayai, chakula cha kuku. Honorine akaketi juu ya kigoda na machozi yakamtoka. Alijichukia. Mara ya pili heshima ilikuwa imemfungia mlango, na mara zote mbili mlango aliufunga mwenyewe.

"Nini?" aliuliza Tante akiwa mlangoni mwa jiko.

"Ilikatika, Tante. Wakati nilikuwa nakusalimia."

Tante aliitazama sufuria.

"Mayayi iko?"

"Iko saba."

"Basi anza. Mi sitakohoa tena."

Honorine akaliokota ganda la vanila katika mabonge yale, akaliosha, akalipasua zaidi na kulikwangua kwa kisu. Maziwa yaliyobaki hayakutosha, akaongeza ya unga. Safari hii hakubanduka. Jasho lilimtiririka mpaka kidevuni, bega likimwaka, na Tante Virginie amesimama nyuma yake kimya, jambo ambalo halikumsaidia hata kidogo. Alipopitisha kidole mgongoni mwa mwiko, mstari ukabaki, haukufunikwa. Akaepua upesi. Ilikuwa saa saba kasoro robo.

Krimu ikapozwa katika maji, ikamiminwa katika chombo cha alumini chenye kifuniko, na chombo kikawekwa ndani ya ndoo kubwa. Pembeni ilijazwa barafu iliyopondwa na chumvi ya mawe, kwa zamu. Saa nane Honorine akaanza kuzungusha kwa mkono wa kulia, akabadili wa kushoto, akarudia wa kulia. Kila baada ya muda alifunua, akakwangua iliyoshika pembeni, akafunika. Ilikuwa bado uji. Jua la Oktoba lilikuwa linakula barafu ya Kiki mbele ya macho yake.

Saa nane na nusu honi ikapigwa nje. Wakwe walikuwa wamefika, nusu saa mapema. Sephora aliyekuja nao alipita lango peke yake, tumbo mbele, akamkuta mama yake amepiga magoti kando ya ndoo, mkono wa kulia unaning'inia.

"Mama, acha nisaidie."

"Na ile tumbo? Ikala chini." Honorine alishika chombo kwa mkono wa kushoto, akakizungusha mara tatu, kikamponyoka. Vidole vilikuwa vimekufa ganzi kwa baridi ya chumvi. Bega la kulia halikuinuka kabisa.

Tante Virginie akaja, akafunua, akachovya mwiko. Krimu ikadondoka.

"Hii iko ya kunywa," alisema. "Honorine, hatukuandika ya kunywa. Nitabaambia barudi mu janvier."

"Tante, mutoto anazaliwa mu novembre!" Sephora alilia.

"Najua kuhesabia, mwanangu."

Tante alikuwa ameshageuka kuelekea langoni. Honorine alimtazama mgongo ule mnene wa kina Clément, na kwa ghafla akamkumbuka mumewe akiwa kijana, shati amelivua, jembe mkononi, katika shamba la mihogo la mama mkwe wake.

"Tante, ngoja," alisema. "Clément, kabla ya kumuingiza kwetu, alilima shamba ya mama yangu mvua mbili. Ni uongo?"

Tante akasimama. "Ni kweli. Mi ndiye nilikuwa namupelekea maji."

"Na nani alimutuma kazi?"

"Mama yako."

"Desturi haikumukataza kumutuma. Ilikataza kumuona tu." Honorine aliisogeza ndoo kwa goti. "Basi na mi natuma buko yangu. Shamba sina. Niko na ndoo."

Watu waliokuwa nyuma ya lango walikuwa wanasikia kila kitu. Tante Virginie alitafuna midomo yake kama mtu anayetafuta kosa na halioni. Kisha akafungua kitenge chake cha juu, akakitundika langoni kama pazia, kutoka nguzo hadi nguzo.

"Élie!" aliita. "Mama mukwe iko na kazi yako. Vula koti."

Ndoo ikasukumwa chini ya kitenge. Barafu ya mwisho ikamiminwa juu yake, na chumvi yote. Kutoka upande huu Honorine aliona mikono miwili tu, mikubwa, yenye mafuta ya injini kwenye kucha ambayo sabuni ya siku ile haikuweza kuyatoa, na pete. Mikono ile ilishika chombo na kuanza kuzungusha.

"Isipumzike," Honorine alisema, akimwambia Sephora ili maneno yafike. "Muambie polepole, lakini isipumzike."

"Anasikia, mama."

Chombo kilirudi chini ya kitenge, Honorine akakwangua, akakisukuma tena. Kilienda na kurudi mara tano. Mara ya nne mwiko ulianza kuwa mzito. Mara ya tano ulisimama wima katikati ya krimu, bila kushikwa na mtu.

Tante Virginie aliutazama mwiko ule, akaugusa kwa kidole, ukabaki wima. Akangoja Honorine ageuze uso, akatundua kitenge, akajifunga, akaenda kumshika Élie mkono.

Élie aliketishwa kwenye mkeka sebuleni, kichwa chini. Tante akafunua bukari, kuku, sombe, samaki, akimwonjesha kila kimoja. Mwishowe Honorine aliingia na bakuli, akapiga magoti mbele yake na kumlisha kijiko cha kwanza, kisha akala yeye kwa kijiko kile kile. Ilikuwa baridi, tamu, vanila ya ganda lililooshwa ikiwa bado inasema kitu. Tante akasema, "Sasa muangaliane."

Élie aliinua macho. Yalikuwa mekundu.

"Mama," alisema, "kule hôpital, siku tatu nilikuwa nakuona ku dirisha. Kwetu hatuna hii kawaida, hakuna mwenye aliniambia kama inashika hata ku hôpital. Nilifikiri unanichukia juu mutoto alikufa mu mikono yangu. Nilitaka kukuita. Niliogopa."

Mwaka mzima Honorine alikuwa amelilia ile baraza, wala hakuwaza hata mara moja kwamba ndani kulikuwa na mtu mwingine aliyekuwa anamngoja. Alimshika mikono yote miwili, ile yenye mafuta kwenye kucha, akalia bila kujificha, na Tante Virginie akageuza uso ukutani kama vile kuna kitu cha kusoma pale.

Walipoinuka kuondoka jua lilikuwa bado juu. Élie alitoka kwanza, akasimama uani kwa mazoea, mbali na mlango.

"Begi yangu iko mu nyumba," Honorine alimwambia, "nyuma ya mulango. Ingia, uibebe."