Mkeka Usiokaliwa

Siku yangu ya kwanza ya udereva, hapa Lodwar, Ofisa wa Usafiri alinipa funguo na agizo moja: kwenye mchanga wa laga, ile mito mikavu ya huku, shusha upepo wa matairi kabla hujakwama, si baada. Mengine, alisema, ningefundishwa na jua.

Baadaye nilihamishiwa Kakuma kuendesha gari la chanjo. Muuguzi Msimamizi alikuwa Sista Losa, Msamoa, mtu wa visiwa vya mbali huko Pasifiki. Mimi ni wa kuulizauliza, naye hakuchoka kunijibu. Kwao ukoo mzima huchagua mkuu wake, na kosa la mmoja hubebwa na wote. Sandukuni alikuwa na mkeka laini kama kitambaa, uliosukwa na mama yake kwa miezi mingi. Nikamuuliza mbona hautandiki. Akasema haukaliwi; ni wa harusi, misiba na mambo mazito.

Siku moja, kwenye boma la Mzee Ekai, niliegesha gari kivulini, juu ya mawe. Kumbe ni kaburi la mama yake. Mzee hakupaza sauti. Alisema tu gari lisirudi tena, na akina mama wakaondoka na watoto wao bila chanjo, ilhali surua ilikuwa imeshafika boma la jirani. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Kesho yake asubuhi Sista aliamuru gari tuliache barabarani. Tukitembea, alinieleza desturi yao ya kuomba radhi. Tulipofika alipiga magoti mbele ya boma, akajifunika ule mkeka wa mama yake. Nikamwambia kosa ni langu, si lake.

"Wewe ni wa nyumba yangu," alisema. "Piga magoti."

Nikaingia chini ya mkeka. Nililia humo, sioni haya kusema.

Watu walijaa. Mwishowe Mzee Ekai akauliza, "Hii mama iko mgonjwa ama inaomba?"

"Anaomba msamaha, mzee," nilijibu nikiwa chini ya mkeka. "Kwao, mwenye kukosewa ndiye huondoa mkeka."

"Nani alitengeneza?"

"Mama yake."

Akaushika ukingo, akauinua. "Basi mama yake amekuja kusalimia mama yangu."

Siku hiyo tulichanja hadi jioni. Mkeka tulimwachia mzee, ndivyo kwao hufanywa.

Sasa nimestaafu, nakaa Kanamkemer, hapa hapa Lodwar. Juzi Sista Losa alinitumia ujumbe kutoka kwao: mama yake amefariki. Nikapanda gari hadi Kakuma kumwambia Mzee Ekai. Alitoa mkeka, akautandaza juu ya yale mawe, nasi tukasimama kando yake mpaka jua likatushinda.