Mngogwe Uliokunywa Maji ya Ufuo

Ngogwe za sokoni siku hizi hazina miiba. Nyeupe, laini, nene kama mayai ya bata, ukizitafuna ni sawa na kutafuna maji. Wanaoziita nyanya chungu wanazisingizia. Mimi ninazozitaka ni za mngogwe wa mama yangu, uliokuwa uani kwetu Makorora, nyuma ya bafu la makuti. Jani lake lilikuwa na miiba juu na chini, hata kwenye kikonyo cha tunda ilikuwapo. Tunda lenyewe dogo, halifiki ndimu, kijani lenye michirizi, likiachwa linakuwa jekundu na ndege wanalimaliza. Mti ulikuwa mmoja tu. Nataka kula ngogwe zake mara moja nyingine, basi. Walionizuia nisile nawajua, na nitawataja hapa, ila majina yao siyaandiki. Nimesoma mpaka darasa la nne, kalamu yangu nzito, sitaki kuichosha kwa majina yao.

Kabla yao kuna mume niliyekuwa naye. Alinivunja mkono wa kulia kwa mchi, na mama yake alisimama mlangoni kanga mabegani, anaangalia kama anaangalia mvua. Mkono haujapona vizuri, akautafuta tena. Mara hiyo nilitoka na nguo niliyovaa, nikaenda kwa mama kwa miguu.

Mama alinipokea mlangoni. Alinitazama mkono, akaenda uani, akarudi na ngogwe kwenye ungo. Alizipasua bila kuziachanisha, akaziroweka kwenye maji ya chumvi, akazipika na ng'onda, samaki wa kukaushwa, kwa tui zito, akasonga bada, ugali wa muhogo. Mkono wangu wa kulia ulikuwa umefungwa, na wa kushoto kwetu hauendi kwenye sahani. Kwa hiyo mama alinilisha. Mwanamke mzima mimi, nimeshazaa na kuzika, nafungua mdomo naletewa tonge. Ngogwe ile ilikuwa chungu mpaka macho yalinitoka machozi, na nilishukuru, kwa sababu nililia na hakuna aliyeniuliza nalia nini.

"Kali?" mama akasema.

"Kali."

"Basi bado una ulimi. Kula."

Alinilisha hivyo mpaka mkono ulipofunguliwa. Haujanyooka mpaka leo, lakini tonge unafikisha.

Nilibaki kwake. Nilikaanga mihogo asubuhi kwenye lango la shule, jioni tunapika pamoja. Mti ule aliumwagilia maji ya kuoshea samaki na kuchuma alichuma kwa mkono mtupu, akipitisha vidole chini ya jani kama anayemtoa mtoto mchanga kwenye nguo. Mimi nilichomwa kila siku. Alinicheka. "Unaukaribia kama polisi," alikuwa akisema.

Mama alifia pale pale nyumbani. Sasa, zamani maiti wetu wakioshwa ndani ya chumba, ufuo, yaani shimo la kupokea maji ya kuoshea, ulichimbwa kwenye sakafu ya udongo chini ya kitanda. Lakini kaka yangu, aliyekuwa akiishi humo na mkewe, alikuwa amekwisha kutia marumaru nyumba nzima, na marumaru zake hazichimbwi hata kwa ajili ya mama yake. Kwa hiyo tulizungushia kanga uani, ufuo ukachimbwa nyuma ya bafu, pale penye udongo laini. Mimi nilikuwa mmoja wa waliomwosha. Nilimwagia mkono wake wa kulia, maji yakashuka kwenye vidole, yakaingia shimoni, na shimo lilikuwa hatua ndogo tu kutoka kwenye shina la mngogwe.

Baada ya arobaini mti ukazaa. Sijawahi kuuona vile. Matawi yaliinama. Wifi yangu, mke wa kaka, alipita akifinya pua kana kwamba unanuka.

Niliingia jikoni na ngogwe kwenye pindo la kanga. Alikuwapo yeye na mama mdogo, mdogo wake marehemu.

"Hizo unapeleka wapi?" wifi akauliza.

"Chunguni."

"Chungu kipi? Si hiki."

Mama mdogo akatema mate pembeni. "Mwanangu, mti umekunywa maji ya maiti. Utamla mama yako?"

"Nimekula jasho lake maisha yangu yote, mama mdogo, na wewe pia umelila. Leo ndiyo kinyaa?"

"Ana ulimi huyu," wifi akasema. "Ndiyo maana alirudishwa."

"Sikurudishwa. Nilirudi."

Wifi alizichukua zile ngogwe pindoni mwangu, akazitupia kuku. Nilikwenda kwa mwalimu wa madrasa mtaani, nikamuuliza. Akasema maji yale hayana ubaya, mti uliwe. Nikamweleza kaka. Akanijibu bila kuinua macho kwenye simu yake: "Mwalimu haishi hapa."

Niliwaza, nitangojea. Ijumaa wanakwenda Pangani kwenye harusi ya upande wa wifi, nitabaki peke yangu, nitapika, nitakula kwa nafasi. Nilishanunua na ng'onda. Alhamisi nikatoka na karai langu la mihogo. Niliporudi, kaka alikuwa ameshaung'oa mti kwa sururu, ameumwagia mafuta ya taa na kuutia moto, na ngogwe zilikuwa zinapasuka kwenye moto, pa, pa. Pale ulipokuwa umesimama pamebaki shimo.

Nilipiga magoti, nikaanza kuchota udongo kwenye kopo. Ngogwe zilizoiva zilikuwa zimekwisha kuangukia pale, nilijua mbegu zimo. Hapo nilikosea. Nilisahau niko mtaa gani na macho ya nani yako mgongoni. Udongo wa ufuo kwetu hauchotwi. Mtoto mdogo anajua anayeuchota anaupeleka kwa mganga, kuroga watu.

"Huo udongo wa kazi gani?" Wifi alikuwa mlangoni.

"Wa mbegu."

"Mbegu ya nini inayooteshwa kwa udongo wa maiti?"

Hakupaza sauti. Hakuwa na haja. Magharibi haijaingia, majirani walikuwa wameshanibadilishia salamu. Mama mdogo, aliyenibeba mgongoni nikiwa mtoto, alikalia kiti cha mbali. Kaka alinikuta barazani akaniuliza, "Leo utalala wapi?" Nikaelewa. Lile kopo walilimwaga barabarani mbele yangu. Haukupita muda, pale nyuma ya bafu pakamwagwa zege, pakasimamishwa chumba, na sasa kuna mpangaji.

Nimepanga chumba Mabawa. Nilizunguka masoko nikiuliza ngogwe za miiba mpaka wauzaji wakaanza kunitania. Halafu nikakumbuka kuna bibi mmoja Chumbageni, Mkatoliki, mumewe aliletwa kukata mkonge enzi hizo. Mama aliwahi kumpa mche. Nikaenda.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Wewe si wa yule wa Makorora? Una mdomo wake."

"Ndiye mimi."

"Alinipa mche akanionya nisiumwagilie maji ya sabuni. Nimeumwagilia ya sabuni miaka yote. Angalia."

Niliangalia. Miiba juu, miiba chini. Bibi alinichumia mbili zilizoiva, nyekundu, nami nikanyoosha mkono. Sikumweleza kuhusu ufuo, wala hakuuliza mama alizikwaje.

Mbegu zake nilizipanda kwenye ndoo ya rangi, mlangoni kwangu. Zimeota, zimezaa. Wiki iliyopita nilichuma za kwanza, nikachomwa kama kawaida. Nikaziroweka, nikazipika na ng'onda kwa tui, nikasonga bada, nikaketi chini peke yangu na mlango nimeufunga.

Zilikuwa chungu. Siwezi kumsingizia bibi wa watu, uchungu ulikuwapo, na ni mbegu ile ile. Lakini mti wangu unakunywa maji ya bomba la Mabawa. Ule mwingine ulikunywa maji yaliyopita kwenye mkono ulionilisha, na ulizaa mara moja tu baada ya hapo, na walioula ni kuku na moto.

Nilikula kwa mkono wangu huu usionyooka mpaka sahani ikabaki na tonge moja. Nililichovya, nikaligeuza, nikakaa nalo hewani muda mrefu, kama kuna mtu wa kunifikishia mdomoni.