Kandambili Moja Kando ya Mtaro

Watu walikuwa wanapapasa chini ya maji ya mtaro kwa miti mirefu, wakimtafuta mwanangu. Mimi nikageuka, nikakimbia upande mwingine.

"Mama gani huyu?" nilimsikia wifi yangu akisema.

Ngoja niwasimulie vizuri.

Mimi ni fundi cherehani, nashonea nyumbani. Binti yangu ana usonji. Tunamwita Bibie. Hasemi, na ukimwita hata mara mia hageuki. Kutwa anashinda chini ya meza ya cherehani, mgongo ukutani, kiganja chake juu ya mguu wangu ninapokanyaga pedali. Ukimtoa hapo, ni vilio mpaka majirani wanachungulia.

Siku hiyo cherehani ikagoma. Fundi wa mashine akaja na mkokoteni, akaibeba pamoja na meza yake. Cha ajabu, Bibie hakulia.

Nikaenda kuoga nikijua yuko na baba yake. Baba yake naye akajua yuko na mimi.

Natoka, mlango uko wazi. Bibie hayupo.

Mtaa mzima ukaingia kazini. Kila kona ni Bibie, Bibie. Kisha mtu akaokota kandambili yake ukingoni mwa mtaro, na mvua ilikuwa imeujaza pomoni. Mume wangu akajitosa na nguo zake.

Nikakaa chini palepale ukingoni. Nikaushika mguu wangu wa kulia, ndipo nikakikumbuka kile kiganja.

Nikachomoka mbio.

Karakana ya fundi ilikuwa na kufuli. Nikamkuta mwenyewe kwenye kibanda cha jirani anakula, nikamwambia afungue.

"Dada, hamna mtu mle. Nimeshusha mashine yako, nikafunga mwenyewe."

"Fungua, kaka yangu. Nakuomba."

Akafungua huku ananung'unika. Ndani giza, harufu ya oili, mashine zimerundikana. Chini ya cherehani yangu, mgongo ukutani, Bibie. Mguu mmoja peku.

Hakunikimbilia. Alinivuta mguu tu, akauweka kwenye pedali, akaweka kiganja chake juu.

Cherehani ilikuwa mbovu, haikuzunguka. Nikakanyaga hivyohivyo, nalia, fundi kasimama mlangoni na tonge mdomoni.

Kumbe mtoto hakupotea. Aliona cherehani inabebwa, akajua anayebebwa ni mama yake, akamfuata.

Siku hizi fundi anakuja kutengenezea humu humu ndani, na Bibie yuko palepale chini ya meza, hapishi mtu.

Mzazi mwenzangu, ukimkosa mtoto kama wangu, usiishie kumwita jina. Nenda pale ambapo yeye angekutafuta wewe.