Yuzo, Jina Lililonikuta Sokoni Newala

Siku yangu ya kwanza kazini sikugusa kichwa cha mtu. Nilifika Masasi asubuhi na kanga ya kuazima, nikamkuta mwenye saluni, tuliyemwita Bimkubwa, anafagia nywele za jana. Aliniangalia mikono kabla ya uso.

"Vidole virefu," akasema. "Lakini vina haraka. Wewe umetoka kwenye korosho."

Kweli nilitoka kwenye korosho. Kiwanda nilimokuwa nabangua kilikuwa kimefungwa, na wanawake tuliotoka mle kila mmoja alikuwa anatafuta pa kupeleka mikono yake. Mikono yangu mimi haijui kukaa. Hata sasa hivi ninaposema haya nakunja na kukunjua ncha ya kanga.

Bimkubwa alifunga fungu la katani kwenye mguu wa stuli, akanipa kitana cha mkia, kile chenye mpini mwembamba wa kugawia nywele. "Suka hilo. Likilia, acha." Katani hailii. Nikasuka mpaka jioni, akaja, akafumua yote, akasema kesho tena. Nilitaka kumtupia stuli.

Ninyi mnaosuka leo huku jicho moja liko kwenye simu, sikilizeni kazi ilivyokuwa. Kwanza unachambua, maana yake unafungua nywele zilizoshikana, na unaanzia nchani. Ukianzia shinani utamtoa mtu machozi. Halafu unagawa, halafu unakaba, yaani unavuta zile nywele za mwanzo wa mstari ili msuko ushike. Ukikaba mno, mteja anatoka na vipele kwenye paji na macho yamevutika kama kaona jini. Zamani tulisuka kwa uzi mweusi. Rasta, hizi nywele za dukani, zilianza kujaa wakati wa ruksa, mipaka ilipofunguliwa na kila mwenye mfuko akawa mfanyabiashara. Ghafla kila mwanamke alitaka nywele zifike kiunoni, hata yule ambaye zake mwenyewe hazikufika sikioni.

Lakini kazi kubwa ya saluni ilikuwa kutaja. Msuko mpya haukutoka mlangoni kwa Bimkubwa bila jina. Ukimaliza kichwa, wote tuliomo tunasimama, mteja anageuzwa mbele na nyuma, na fundi anataja. Wengine wakicheka, unataja tena.

"Mteja haji kuomba nywele," Bimkubwa alikuwa anasema. "Nywele anazo. Anakuja kuomba jina alilolisikia kwa jirani."

Nilipoiva alinipeleka Nanganga, pale barabarani, nikamfungulie kibanda. Nanganga watu wanapita, hawakai. Nilisuka mistari minene ya safari, kichwa kimoja huku dereva anapiga honi na mwenye kichwa anapiga kelele, "Nakuja, namalizia!" Pale palinifaa, kila kitu kilikuwa kinaondoka. Lakini nilikuwa nimeacha binti yangu Zuhura kwa mama yangu Newala, na mtoto alianza kunisahau sura. Nikarudisha ufunguo, nikapanda zangu kwetu.

Newala nilifanya kazi kwa Madamu, mama wa mjini aliyemfuata mumewe wa serikalini. Alikuwa na kiti cha kuzunguka na kioo kizima, lakini hakuwa na maji. Nani alikuwa nayo? Maji yalikuwa chini ya mteremko, na wanawake waliyapandisha kichwani mpaka huku juu. Rasta lazima ncha zichovywe kwenye maji ya moto zisifumuke. Kwa hiyo Madamu alikuwa anasimama juu ya sufuria kama askari. "Yasimwagwe! Yanapoa, yanachemshwa tena!" Kichwa cha asubuhi na kichwa cha jioni vilichovywa kwenye maji yale yale.

Hapo kwa Madamu ndipo nilipotunga msuko wangu. Mstari mmoja, haukatiki. Unaanzia utosini, unazunguka kichwa, unashuka ukizunguka mpaka unaishia nyuma ya sikio la kushoto. Ukikosea mwanzo, huwezi kuficha mwisho. Niliutoa kwenye ile njia ya maji, inavyojizungusha kushuka. Nikataja: Mteremko. Hakuna aliyecheka. Madamu akasema, "Huo utaniletea watu," na ukamletea kweli. Alipohama na mumewe, nilikuwa na wateja wa kutosha kufungua kibanda changu sokoni. Msimu wa korosho, pesa za wanunuzi binafsi zikishafika mikononi mwa watu, wanawake walitoka Makote na Mnyambe kuja kusukwa Mteremko.

Basi ikaja Yuzo.

Mfanyabiashara mmoja alifungua duka la kompyuta karibu na soko, la kulipia unakaa unaangalia. Ndani ya kompyuta kulikuwa na mahali panaitwa Yuzo. Vijana waliingia humo kutafuta nyimbo, mpira, barua, picha za wachumba. Meneja wa duka akachora alama ya Yuzo ukutani, kubwa, mkia uliojizungusha kama konokono.

Mwanzo Yuzo ilikuwa kile kilichomo kwenye kompyuta. Msimu haukuisha, Yuzo ikawa duka lenyewe, ingawa juu ya mlango lilikuwa na jina lingine. Halafu zikaja kandambili za plastiki zenye ule mkia, nazo Yuzo. Gari la kushuka Masasi likaandikwa Yuzo nyuma. Mwanamke mmoja mtaani kwetu, anayejua nani kalala wapi, akaitwa Yuzo, na alipolisikia alifurahi. Mnyambe kulikuwa na beberu anaingia kila ua bila hodi, akaitwa Yuzo. Wazee wa posa nao! Zamani walisema wamemchunguza kijana. Sasa mzee mzima na kofia yake anakaa mkekani anasema, "Huyu tumemyuzo, hana neno." Mkulima akitaka kujua bei ya korosho kwa wanunuzi wote kabla hajauza, anasema anayuzo kwanza.

Nilicheka kama wengine. Mpaka siku binti mmoja alipokaa kwenye kiti changu, akafungua kitambaa, akasema, "Nisuke Yuzo."

"Yuzo ndiyo nini?"

"Ule wa kuzunguka, Bibi. Kama ukutani."

"Ule unaitwa Mteremko. Niliutaja mimi kabla hujaota meno."

"Sawa, Bibi," akasema, "nisuke huo Mteremko wa Yuzo."

Nilimkaba, Mungu anisamehe, alitoka anashangaa dunia. Haikusaidia. Waliofuata wote ni Yuzo, Yuzo. Mzee Salumu, muuza kahawa wa jirani, ambaye ni mtani wangu kwa upande wa babu, ndiye aliyenimaliza. Alisimama katikati ya soko na birika lake: "Jamani, anayemtafuta Bibi Yuzo, yuko pale, anafoka!" Soko zima likashika. Bibi Yuzo wewe, Bibi Yuzo shikamoo. Nilimwambia, "Salumu, utakufa na watakuzika na birika." Akasema, "Wakinizika, uje unisuke Yuzo."

Miaka ikapita jina halifutiki, mpaka nikakosa usingizi. Sikieni kwa nini. Jina langu la ukoo ni Nantende. Nilipewa nilipotoka unyagoni, kutoka kwa bibi mzaa mama yangu, naye alipewa na wake. Sisi kwetu mwali akitoka ndani anaacha jina la utoto, anachukua jina la mkubwa wa ukoo, na mkubwa yule anakuwa amepata pa kukaa hata akifa. Zuhura, binti yangu, alichukua jina la shangazi, ingawa ulimi wangu mimi ulibaki kwenye Zuhura. Kwa hiyo Nantende lilikuwa linamngoja binti wa Zuhura, mjukuu wangu wa pekee wa kike, tuliyemwita Mwajuma. Na mwaka huo Mwajuma alikuwa anaingizwa unyagoni.

Sasa tazama. Mimi nilikuwa Mama Zuhura tangu nilipojifungua. Kwa Bimkubwa niliitwa Mama Zuhura, kwa Madamu Mama Zuhura. Walioniita Nantende walikuwa mama yangu na rika langu, na hao wengi wako makaburini. Halafu sasa hata Mama Zuhura linazama, nimekuwa konokono wa ukutani.

Nikaenda dukani kwa Meneja. Nilimkuta anakula mhogo.

"Shikamoo, Bibi Yuzo."

"Marahaba. Futa ule mkia."

"Kwa nini, Bibi?"

"Umenichukulia msuko, sasa unanichukulia na jina."

Alinawa mikono, akanivutia kiti. Hakuwa na dharau, kijana wa watu. "Bibi, jina si langu. Mimi duka langu nililiita jina la marehemu baba. Umeshamsikia mtu analitaja?" Sikuwa nimelisikia. "Basi tumeibiwa wote," akasema. "Tutafute humo humo. Nikuandikie nini?"

Nikasema andika Mteremko. Vikaja vilima vya watu wengine na magari yaliyopinduka. Hakukuwa na kichwa hata kimoja. Nikasema andika Nantende. Mashine ikazunguka, ikazunguka, ikaleta karatasi nyeupe.

"Haina kitu, Bibi."

"Nimeona. Mimi si kipofu."

Nilitoka pale miguu inatangulia akili. Siku zile zote za unyago sikutulia. Wanawake waliimba ndani, mimi nilizunguka nyumba, nikafagia palipofagiwa, nikamgombeza Zuhura kwa unga, kwa kuni, kwa kuku. Kibaya zaidi mwali kwetu hunyolewa. Mjukuu wangu angetoka na kichwa kitupu, na mimi msusi sina cha kushika.

"Mama, kaa chini," Zuhura aliniambia.

"Umemwambia jina?"

"Mama, jina si la kuambiwa na mimi. Atasema mwenyewe mbele ya nyakanga."

Nyakanga ndiye mama mkuu wa unyago, na hakuna mtu, hata mzazi, anayempita neno. Siku ya kutoka, wali walikaa mkekani, kanga mpya, vichwa vinang'aa mafuta. Ua umejaa. Nyakanga akafika kwa wangu, akamwinua kidevu.

"Wewe uliyekuwa Mwajuma, umekuwa nani?"

Akasema, wazi, bila aibu: "Yuzo."

Watu waliguna. Mtu nyuma akacheka. Mimi nilikuwa nimeshasimama, sijui nani aliniinua. Nyakanga akakunja uso. "Hilo ni jina la kandambili. Ukoo huu una majina." Akanigeukia. "Mkubwa wa ukoo ni wewe. Unasemaje? Ukikataa, atataja tena."

Ulimi wangu ulikuwa tayari. Neno moja tu, nikatae, mtoto ataje Nantende kwa kuogopa, mambo yaishe. Lakini nilitaka kwanza nimsikie, maana nilikuwa na hasira, na mtu mwenye hasira anapenda kuuliza.

"Umenikataa kwa nini, mjukuu wangu?"

Akanitazama kama mimi ndiye mtoto. "Nimekukataa lini, Bibi? Nimekuchukua wewe. Nilipopotea mnadani nikiwa mdogo nilisema mimi wa Bibi Yuzo, nikaletwa mpaka mlangoni. Mwalimu akinichapa anasema nitakusemea kwa Bibi Yuzo. Nantende najua ni jina la ukoo, lakini mwenyewe simjui. Sijawahi kumsikia mtu akimwita akaitika."

Mzee Salumu alikuwa nje ya uzio na birika lake, nikamwona ameinamisha kichwa.

Niliwaza mengi, na haraka. Niliwaza kwamba bibi yangu atauliza nikifika huko. Niliwaza kwamba mtoto amesema kweli mbele ya watu wote, na kweli yake inaniuma. Mwisho nikamwambia nyakanga, "Lete unga."

Nikachovya kidole, nikampaka kwenye paji la uso. "Yuzo," nikasema, "kaa na jina lako, na likukalie." Wakapiga vigelegele, wakadhani nimefurahi. Nilikuwa nimefurahi na nimefiwa, vyote kwa pamoja, na vyote viliendelea kugombana ndani yangu miaka mingi.

Kazi niliiacha vidole vilipoanza kukataa kunyooka. Kitana nilimwachia jirani. Duka la kompyuta lilifungwa zamani, siku hizi kila mtu ana kompyuta mfukoni, na humo ndani Yuzo haipo tena, imekufa kama vilivyokufa viwanda vyetu. Kandambili zimekatika, gari limeuzwa vyuma chakavu, beberu aliliwa. Vijana ukiwaambia "nimemyuzo" wanadhani unaumwa. Msuko wangu bado unasukwa, nimeuona Masasi kichwani mwa mwalimu mmoja, nikamuuliza unaitwaje. Akasema hajui, alionyesha picha tu. Nikamhurumia fundi wake. Tajeni, wajukuu zangu. Mkimaliza kichwa simameni, mtaje. Watakuja watu watakaouita vingine, waache waite, lakini kwanza wewe uwe umetaja.

Majuzi tulimpeleka kliniki mtoto wa kike wa mjukuu wangu, kitukuu changu. Nesi mgeni, si wa huku, akauliza jina la mama. "Yuzo." Akainua kalamu.

"Jina zuri. La wapi hilo?"

"La Newala," mjukuu wangu akajibu. "La ukoo wetu, la zamani sana. Alikuwa nalo bibi yangu huyu. Na huyu mdogo atakuja kulichukua akikua."

Nesi akanitazama kwa heshima. Nilifumbua mdomo kumwambia habari ya Nantende, na ya mashine, na ya ukuta. Mtoto akaanza kulia. Nikamchukua, nikatoka naye nje kumtembeza.