Turubai la Pasiansi

Kazi yangu ni kuandika tamthilia za televisheni kutokana na mauaji yaliyotokea kweli. Nabadilisha majina, nabadilisha mtaa, kisha naenda kwa wafiwa kuomba ruhusa. Hiyo ndiyo sehemu ambayo mpaka leo sijaizoea.

Mama mmoja wa Sengerema alinipa ruhusa kwa shida. Mwanawe, dereva wa bodaboda, aliuawa na watu waliotaka pikipiki yake. Walikiri mahakamani kwamba walimtupa ziwani, wakafungwa, lakini mwili haukuonekana. Mama akakataa msiba. Hakuna turubai lililofungwa kwake, hakuna jirani aliyelala pale kumliwaza.

"Siwezi kumlilia mtu ambaye sijamwona," aliniambia.

Sasa muongozaji wetu, mtu anayeamini kwamba mtazamaji asipotoa machozi amedhulumiwa, akang'ang'ania kuwe na msiba. Nilibishana naye bila mafanikio. Mwishowe nikampigia mama, nikamweleza yote na kumwambia kwamba akikataa nitaiondoa sehemu hiyo, muongozaji atake asitake. Akasema, "Nitakuja kuona," akakata.

Kuja kuona nini? Tangu hapo sikutulia. Nikikaa kuandika nasimama, nikisimama naenda dirishani, nikirudi nafuta nilichoandika. Nilimwona akilini akilivuta turubai la msiba wetu mpaka chini, mbele ya kamera, na sikuona sababu ya kumlaumu.

Siku ya kupiga picha tulikuwa tumekodi nyumba Pasiansi, ng'ambo ya ziwa kutoka Sengerema. Turubai likafungwa, viti vikapangwa, mwigizaji wetu akaangua kilio. Analia vizuri mno yule dada, na hilo ndilo lililotuponza. Kabla hatujarudia mara ya pili, wanawake wa mtaani walikuwa wameshaingia, kanga viunoni, huyu na unga, huyu na kuni kichwani, mwingine na sufuria ya kupikia maharage. Wanaume wakakaa kwenye viti vyetu. Huku kwetu kilio kikisikika unakwenda kwanza, habari za marehemu utaziulizia hukohuko.

Muongozaji alikunjua uso kwa furaha. "Usiwaambie kitu," alininong'oneza, kisha akawaambia wapiga picha, "Endeleeni kupiga."

Nilitamani kumfunika na ile sufuria. Nikaenda kwa wale wanawake nikawaambia ukweli, kwamba ni maigizo.

"Yaani mnachezea msiba?" aliuliza yule wa kuni. Wakaanza kukusanya vitu vyao.

Wakati huohuo mama wa Sengerema akaingia getini.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba," alijibu, macho yakiwa kwenye turubai. Nikawaambia wale wanawake kwamba huyu ndiye mama mwenyewe, na kwamba kijana tunayemwigiza ni mwanawe.

Mama wa kuni akamgeukia. "Mlimzika wapi, dada yangu?"

"Hatukumzika. Hakupatikana."

"Na msiba mlikalia wapi?"

"Sikutaka ukaliwe."

Yule mwanamke akatua kuni zake palepale zilipokuwa. Akamshika mama mkono, akamkalisha kwenye mkeka. "Pole sana," akasema. Wenzake wakarudi mmoja mmoja wakamzunguka, na mama akaanza kulia kilio ambacho mimi nisingeweza kukiandika. Muongozaji akainua kamera. Nikasimama mbele yake, na kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu akaishusha.

Jioni vijana wa kukodisha maturubai walifika kuchukua mali yao. Mama akaniita.

"Wanaliondoa?"

"Ndiyo, mama. Tulilikodi kwa leo tu."

Alijifuta uso kwa pembe ya kanga. "Waambie waliache. Nimeshawapigia ndugu zangu. Wanavuka na kivuko cha asubuhi."