Sabuni ya Mama

Juzi, siku ya Valentine, niliona kijana pale Malili akinunulia bibi yake maua, nikaangalia chini.

Nikiwa mtoto, Baba alikuja mchana mmoja kutoka Nairobi. Kwa begi yake nikapata sabuni imefungwa riboni nyekundu, ikinukia vizuri. Sisi tulikuwa tunaoga na sabuni ya kufulia. Nikajua hiyo ni ya mwanamke mwingine. Nikaitupa kwa choo, nikasikia ikifika chini.

Baadaye Baba alimwaga nguo zote akitafuta.

"Mama Mwende, haki nilikuletea zawadi ya Valentine."

Mama akacheka. "Wewe? Zawadi? Kula muthokoi, bwana."

Baba akavuta sahani ya hayo mahindi na maharagwe, akala.

Mungu nimemwambia. Mama sikumwambia, na alikufa akiamini Baba alimdanganya.